Hata Wanaokula Jua Wanaweza Kulala Njaa

Wasee, leo naanika siri. Kuna dunia nimekuwa nikiichora tangu nikiwa kidato cha pili, kwa kurasa za nyuma za daftari la Hesabu. Inakaliwa na viumbe ninaowaita Walajua. Hawalimi, hawapiki, hawaendi soko. Asubuhi wanatandaza ngozi zao kama mtu anayeanika shuka, jua linawashibisha, basi. Wana akili, wana lugha, hata umbea wanao.

Kwa nini nilianza na hiyo? Njaa tu, hakuna kingine. Muhula huo, chakula cha mchana kwangu kilikuwa kitu cha kusikia kwa wengine. Nikawa nakaa chini ya mti wa pale shuleni nikiuonea wivu: huu unashiba kwa kusimama tu, na mimi je?

Miaka mitatu nilidhani nimeunda paradiso. Halafu mdogo wangu akachungulia michoro, akauliza: "Sasa huyu akisimama mbele ya huyu, huyu wa nyuma anakula nini?"

Manze, sikuwa na jibu. Nikaamua kupiga hesabu kwanza.

Jua kali la saa sita mchana humwaga karibu wati 1,000 kwenye kila mita moja ya mraba. Mimea mingi ya shambani inageuza asilimia 1 au 2 tu ya hiyo nguvu kuwa chakula. Mtu mzima anahitaji kama kalori 2,000 kwa siku, sawa na balbu ya wati 100 inayowaka usiku na mchana bila kuzimwa. Kwa hivyo hata ungekuwa na ngozi ya kijani na ulale uwanjani kutwa nzima, ungetoka hapo na karibu kalori 100. Hiyo ni kama nusu andazi, na chai ujitafutie.

Kushiba kunahitaji ngozi ya mita za mraba 20 hivi. Bedsita nzima, umeivaa mgongoni! Ndiyo maana siku hizi Walajua wangu ni wapana, wembamba kama karatasi, na wanatembea polepole sana. Kukimbia kutawamalizia akiba.

Na usiseme ni uchawi mtupu. Pwani ya mashariki ya Amerika Kaskazini kuna konokono wa baharini asiye na gamba, anaitwa Elysia chlorotica. Anakula mwani, anaiba zile chembe za kijani zinazonasa mwanga, na kuziweka mwilini mwake kwa miezi. Ukimwona utadhani ni jani limeamua kuogelea.

Sasa turudi kwa swali la mtoi. Weka watu wenye upana wa bedsita mtaa mmoja. Lazima mmoja amfunike mwingine. Sisi huku kivuli ni baraka, tunakikimbilia chini ya mwembe. Kwa Walajua, kivuli ni mkono wa mtu ndani ya sufuria yako. Lazima basi kuwe na sheria: nani anaruhusiwa kuwa juu, na kwa nini. Nikaandika kwamba wenye uwezo walijenga minara wakajitandaza huko juu, na wa chini wakawa wanalipia dakika za jua.

Hapo nikaweka kalamu chini, kwa sababu nilikuwa naandika kwetu.

Tunakaa Pipeline, hapa Nairobi, chini kabisa. Kama unaijua Pipeline, unajua venye ghorofa zimebanana. Mathe ni fundi wa nguo, na cherehani yake ilikuwa dirishani. Kisha ploti ya jirani ikaanza kupanda. Ghorofa ya kwanza tukaona sawa. Ya tatu ikachukua jua la asubuhi. Ilipofika ya sita, taa kwetu ikawa inawaka saa nane mchana, na mathe akaanza kuhesabu tokeni za stima venye anahesabu vikombe vya unga. Saa sita jua linashuka katikati ya kichochoro kwa muda mfupi, na hapo utamwona ametoa kiti nje, sindano mkononi, anatunga uzi haraka haraka kabla halijahama.

Hakuna mtu alivunja mlango wetu. Hakuna kitu ungeenda kuripoti. Lakini kuna kitu kilichukuliwa, na bili yake inatufikia kila wiki.

Anti yangu hunishangaa: "Wewe, si uandike kitu ya maana? Viumbe vya uongo vitakulipia rent?" Anti, nakuheshimu, lakini miaka yote nimekaa hapo nikidhani giza la nyumba yetu ni hali ya hewa tu. Ilibidi nitunge watu wanaokula mwanga ndiyo nione kwamba kuna mtu amesimama mbele yetu.

Juzi nilimsomea mathe hiyo sura ya minara. Alisikiliza bila kuacha kushona, kisha akasema: "Hao wa juu, kwani hawawezi kukunja ngozi saa moja tu, jua lifike chini?"

Wanaweza. Hesabu yangu inasema hawatakufa. Lakini nimejaribu kuiandika hiyo sura mara nne, na kila mara wa juu wanakataa.

Niambie ukweli: ungekuwa juu, wewe ungekunja?