Wanawake Hamsini na Wawili: Safari Yangu ya Kwanza Kwenye Lualaba

Kamina haina mto wa kujivunia. Ina reli. Mji wetu uko juu ya tambarare, na mtoto anayezaliwa hapa hujua sauti ya mabehewa kabla ya kujua sauti ya maji mengi. Njia moja inakwenda Ilebo, nyingine inashuka Bukama na kuendelea hadi Lubumbashi, ya tatu inaelekea Kabalo na Kalemie. Samaki tunamjua akiwa amekwisha kauka. Anafika sokoni ndani ya vikapu, mweusi kwa moshi, na ukiuliza katoka wapi, muuzaji anakujibu kwa neno moja: Kinkondja.

Nimefundisha historia miaka kumi na sita, na miaka yote hiyo nimekuwa nikisoma vitabu vya mto Lualaba, ambao sikuwahi kuuona. Ni vitabu vinavyokamata moyo. Kuna mitumbwi, mamba, homa, misitu isiyo na njia, na katikati ya hayo yote kuna watu wanaouawa. Nilivisoma kama habari za nchi za mbali. Kisha nikaipata tafsiri ya Kifaransa ya kitabu cha Verney Lovett Cameron, ofisa wa jeshi la majini la Uingereza aliyeondoka Bagamoyo mwaka 1873 akatokea pwani ya Angola mwezi Novemba 1875. Nikakuta kwamba alikaa miezi mingi katika nchi ya Kasongo Kalombo, mulopwe, yaani mfalme, wa Waluba. Kwetu. Mauaji niliyokuwa nikiyasoma kwa kiu yalitendeka mwendo wa siku chache kutoka uani kwangu.

Nilitoa nakala za kurasa arobaini katika kibanda kimoja karibu na soko, nikaziweka ndani ya mfuko wa plastiki pamoja na daftari jipya. Mwezi wa Juni, shule zilipokaribia kufungwa, nikapanda treni ya Bukama.

Ya treni sina mengi. Tuliondoka siku moja baada ya siku iliyotangazwa, na usiku baridi ya tambarare iliingia hadi kwenye mifupa. Tuliendelea na safari watoto wakiwa bado wamelala. Kisha nchi ikaanza kuteremka, hewa ikawa nzito na yenye unyevu, na asubuhi mama mmoja aliyekuwa ameketi juu ya gunia lake la unga akanigusa bega: "Mwalimu, tazama mto wako."

Niliuona kwanza kupitia vyuma vya daraja. Nilitegemea kitu cha kutisha. Nilichokiona ni maji ya rangi ya chai, yanayokwenda polepole bila kelele, na mwanamume mmoja aliyesimama ndani ya mtumbwi akikung'uta wavu. Koo likanikaba. Huu ndio mto unaoshuka hadi Kongolo, hadi Nyangwe, hadi Kisangani, halafu unaitwa Kongo na kwenda zake baharini.

Bukama ni mahali ambapo reli na mto vilikutana mwaka 1918, na tangu hapo mtu anaweza kushuka kwa maji hadi Kongolo, zaidi ya kilomita 600. Boti niliyoipata ilikuwa mashua ndefu ya mbao yenye injini moja nyuma. Nataka uione vizuri. Mbao zilikuwa zimezibwa kwa vitambaa vilivyochovywa kwenye lami, na mahali lami ilipoisha maji yaliingia kwa uzi mwembamba, bila haraka. Kijana mmoja kazi yake ilikuwa kuyachota kwa galoni la mafuta lililokatwa nusu. Alichota mchana kutwa. Hakusimama hata alipokuwa akila bukari, ugali wetu. Alikula kwa mkono mmoja na kuchota kwa mwingine. Juu ya mizigo walikaa abiria, mbuzi, magunia ya chumvi, magodoro. Mbele kabisa alikaa mzee wa Kinkondja, ambaye kila mtu alimwita Nkambo, akiwa na fimbo mkononi na koti zito kama tuko Ulaya.

Nilimsalimu kwa Kiluba, akaniuliza ninasoma nini. Nikamwambia: safari za mzungu aliyekaa kwa Kasongo Kalombo.

"Kalombo!" akasema, akageuka mwili mzima. "Nisomee."

Basi nikasoma, nikitafsiri sentensi kwa sentensi, na abiria wakasogea. Nilianza na ukurasa ambao vijana wangu wa darasani huupenda, na mimi kwa miaka mingi niliupenda pia. Ni pale Cameron anapoeleza maziko ya mfalme wa Waluba. Anasema mto hugeuzwa njia, likachimbwa shimo kubwa katika kitanda chake, wanawake hai wakapangwa chini, mfalme akawekwa juu yao, wakafukiwa pamoja naye, kisha maji yakarudishwa yapite juu ya kaburi. Nilisoma kwa sauti ya kusimulia. Mama mmoja akafunika mdomo.

Mzee alisubiri nimalize. "Huyo mzungu aliona?"

Nikarudi kwenye ukurasa. Nilikuwa nimeusoma labda mara ishirini, na sikuwahi kumwuliza Cameron swali hilo. Alipokuwa kwa Kasongo Kalombo, mfalme alikuwa hai. Hakuzikwa mtu. "Hakuona, Nkambo. Aliambiwa."

"Basi andika hapo pembeni: aliambiwa."

Nikaandika. Neno hilo liko hadi leo kwenye nakala yangu, herufi zimepinda kwa sababu ya mtikisiko wa injini.

Swali la mzee lilibadilisha safari yangu yote. Anayesoma vitabu vya uhalifu wa kweli anapaswa kuwa na sikio la hakimu, nami nilikuwa na sikio la mtoto aliye jikoni jioni. Mchana ule nilichukua kila kisa nilichokijua cha mto huu nikakipima upya. Chukua Nyangwe. Tarehe 15 Julai 1871, huko chini kwenye maji haya haya, watu wenye bunduki walifyatua risasi sokoni, siku ya soko, mahali palipojaa wanawake. Wengi walijitupa mtoni wakazama. Msafiri David Livingstone alikuwapo. Aliona. Idadi aliyopewa na wenyeji wake Waarabu ilikuwa kati ya watu 330 na 400. Karatasi zilikuwa zimemwishia, kwa hiyo aliandika juu ya gazeti la zamani kwa wino wa matunda, na wino huo ulififia hadi wanasayansi walipousoma tena kwa taa maalumu na kuuchapisha mwaka 2011. Walikuta maneno ya siku ile hayalingani kila mahali na kitabu kilichotoka 1874. Katika yale ya kwanza, watu wa msafara wake mwenyewe wanaonekana wabaya kuliko katika yale ya pili. Kwa hiyo hata aliyeona alirudi akasafisha ushahidi wake. Hilo halifuti mauaji. Wafu wa Nyangwe ni wafu. Lakini ni lazima tujue tunasomewa na nani.

Au chukua mfanyabiashara Tippu Tip, Hamed bin Muhammed el Murjebi, ambaye aliandika maisha yake kwa Kiswahili. Sisi tunaosoma Kiswahili hatuhitaji mkalimani ili kumsikia. Anaeleza bila kusitasita jinsi alivyojipatia utawala kule Utetera. Alisikia kwamba zamani dada zake mtawala Kasongo Rushie walitekwa na Waluba, akadai kwamba bibi yake mzaa mama ni mmoja wa hao. Mzee yule akaamini, akamkabidhi nchi. Fikiria: mwanamke aliyeibwa, kilio cha ukoo mzima, kikageuzwa kuwa ufunguo wa mlango mikononi mwa mtu mwingine. Nilipowasimulia abiria kisa hiki hakuna aliyecheka. Kijana wa galoni aliacha kuchota kwa mara ya kwanza.

Jioni tulifunga boti ukingoni, kwenye kambi ya wavuvi. Moshi wa samaki ulikuwa mzito kiasi cha kuonekana kama ukuta. Kiboko alikoroma mahali fulani gizani, na wenyeji wakatuambia tusiende kunawa majini. Hapo Nkambo akaanza zamu yake.

Alisimulia habari ambazo kila Mluba amezisikia: Nkongolo, mfalme mwekundu, mkatili, na Kalala Ilunga, mwana wa mwindaji Mbidi Kiluwe aliyetoka mashariki. Kalala anaalikwa kucheza ngoma. Chini ya mkeka kumechimbwa shimo lenye vyuma vikali vilivyosimamishwa. Mpiga ngoma anaijua siri, naye analificha onyo ndani ya mlio wa ngoma. Kalala anaelewa, anachoma mkeka kwa mkuki, anaruka, anakimbia hadi Lualaba, anavushwa, na mwenye mtumbwi anakatazwa kumvusha anayekuja nyuma. Nkongolo anafika ukingoni, maji yanamzuia. Mwisho kichwa chake kinakatwa. Nimefundisha hadithi hii kama asili ya ufalme. Usiku ule, maji yakipiga ubao wa boti, niliisikia kwa mara ya kwanza kama kesi: kuna njama, kuna shahidi, kuna mto unaotoa hukumu.

Alipokuwa akisimulia, kidole cha mzee kilitembea juu ya ubao aliokalia. Kilifuata mafundo ya mti, kikasimama kwenye kichwa cha msumari, kikapinda. Nilishtuka. Nilikuwa nimeona picha za lukasa, ule ubao wa kumbukumbu wa Waluba unaoshikwa kwa mkono wa kushoto na kusomwa kwa kidole cha kulia. Kila ushanga wake ni mfalme, mahali, ziwa au njia ya mwindaji, na waliojua kuusoma walikuwa watu wa chama cha mbudye. Mbao hizo nyingi sasa ziko katika makumbusho ya Ulaya na Marekani. Hicho ni kitabu, na ni cha huku mtoni.

Siku ya pili mto ulifunguka, tukaingia ziwa Kisale. Mafunjo yameota kwa wingi, mizizi imeshikana, na vipande vizima vinaelea na kuhama na upepo. Mbele, upande wa kaskazini wa ziwa, iko Sanga, ambako tangu 1957 wataalamu wamefukua makaburi ya watu, baadhi yao waliozikwa zaidi ya miaka elfu iliyopita, pamoja na vyungu vyao na mapambo ya shaba. Mtu aliwapanga wafu wale kwa upendo. Makaburi haya yaliyoonwa kwa macho nayapa uzito mkubwa kuliko kaburi la Cameron lililosikika kwa masikio.

Visiwa vya mafunjo vina habari mpya pia. Kule ziwa Upemba, mwishoni mwa 2005, watu waliokimbia vita vya wanamgambo wa Mai-Mai na jeshi walijificha juu ya visiwa vya namna hii, wakilala juu ya majani yanayoelea. Gédéon Kyungu Mutanga, kiongozi wa Mai-Mai wa upande wa Mitwaba, alihukumiwa na mahakama ya kijeshi Machi 2009 kwa uhalifu dhidi ya binadamu. Septemba 2011 akatoroka gerezani Lubumbashi. Ndani ya boti yetu alikuwamo mama aliyeishi miezi kadhaa juu ya mafunjo. Hakutaka kusimulia, nami sikumlazimisha.

Kabla ya kufika Kinkondja nilisoma ukurasa wa mwisho niliokuwa nimeuwekea alama. Cameron anasafiri na msafara wa Alves, mfanyabiashara wa watumwa. Mtu wa Alves aitwaye Coimbra anarudi kutoka kuteka nyara, akileta wanawake 52 waliofungwa kamba kwa makundi. Wengine wamebeba watoto, wengine ni wajawazito. Cameron anapiga hesabu: ili kuwapata hao, vijiji kumi viliharibiwa, vyenye watu kama 1,500 kwa jumla.

"Huyu aliona?" akauliza Nkambo.

"Aliona."

"Majina ya wezi yapo?"

"Yapo. Alves. Coimbra."

"Na ya wanawake?"

Nikapekua mbele, nikapekua nyuma, ingawa nilijua. "Hakuna, Nkambo. Hata moja."

Hakusema kitu. Mama wa mafunjo ndiye aliyesema, kwa sauti ndogo, kwamba kwao kuna jina ambalo kila kizazi hupewa msichana mmoja, kwa sababu mwenye jina hilo wa kwanza alichukuliwa akiwa anachota maji, hakurudi. Nikamwuliza kama naweza kuliandika. Akanitamkia herufi kwa herufi, akahakikisha nimeliandika sawa. Sitalitoa hapa, ni mali yao. Liko ukurasa wa kwanza wa daftari langu, na chini yake nimeandika tarehe, mahali, na neno ambalo mzee angelidai: aliambiwa na mama yake.

Ndugu msomaji wa Kinkondja, wa Malemba-Nkulu, wa Bukama, wa Kabongo: mwulize bibi yako leo kama kwenu kuna jina la namna hiyo, uliandike, na uandike nani alikwambia.