Mlima wa Mungu Darasani

Somo la Ol Doinyo Lengai tulilifundisha vibaya mara ya kwanza, na twaona ni afadhali wanachuo walisome kosa letu kuliko kulirudia.

Ilikuwa mwanzoni mwa mwaka 2008, wilayani Bunda. Mlima ule ulikuwa ungali ukitoa majivu: matetemeko yalianza Julai 2007, na mlipuko mkubwa ukafuata Septemba. Tuliandika ubaoni yale tuliyoyaona kuwa ya lazima: kwamba uko kusini mwa Ziwa Natron, kwamba urefu wake wapata meta 2,960, kwamba ulikwisha kulipuka mwaka 1917, 1940 na 1966. Kisha, kwa majivuno ya ujana, tukaongeza kuwa Wamasai waliuita Mlima wa Mungu kwa kuwa hawakuijua sayansi.

Msichana mmoja, ambaye ujombani kwao ni Butiama, alinyoosha mkono. “Mwalimu, na msitu wa Muhunda je?”

Tulijua alilouliza. Muhunda ni msitu mtakatifu wa Wazanaki pale Butiama, na mtoto wa huko hukua akijua kwamba hauingiliwi ovyo. Tulimjibu kwa mzaha, darasa likaangua kicheko, naye akaketi. Muhula ule hakunyoosha mkono tena, hata katika hesabu alizoziweza kuliko wenzake wote.

Vitabu vya mbinu hutufundisha tumtoe mtoto katika lile analolijua tumpeleke kwenye asilolijua. Mtoto yule alikuwa amekwisha kuifanya kazi hiyo peke yake, sisi tukamfungia mlango.

Mwaka uliofuata tulihamishiwa Musoma. Yeye tulimwacha Bunda. Safari hii tulinunua magadi sokoni, tukavipa vikundi gao moja moja. Ni ya nini haya? Ya kulainishia maharage, walisema. Ya ugoro wa bibi. Ndipo tukawaambia kuwa lava ya mlima ule ni ndugu ya magadi. Imejaa kaboneti za sodiamu na za kalsiamu, na hakuna volkano nyingine hai duniani ijulikanayo kutoa lava ya namna hiyo. Joto lake hupata nyuzi 500 hadi 600 za Sentigredi, karibu nusu ya lava nyingi nyinginezo. Hutiririka nyeusi, nyepesi kama tope la masika, na ikikutana na unyevu hugeuka nyeupe. Mtu aionaye kileleni kwa mbali aweza kudhani ni theluji.

Kutoka hapo tulikwenda kwa nyumbu, maana mtoto wa Mara humjua nyumbu. Majivu ya mlima huo, na ya jirani zake wakongwe kama Kerimasi, yalipeperushwa na upepo hadi mbuga za Serengeti. Chini ya udongo yakafanya tabaka gumu ambalo mizizi ya miti haipenyi kwa urahisi. Juu yakaotesha majani mafupi yenye madini wanayoyahitaji majike wanyonyeshao. Huko ndiko nyumbu wengi huzalia, yapata Februari. Ifikapo Mei au Juni makundi mengine huelekea magharibi, upande wa Bunda. Basi mlima ulio zaidi ya kilomita 200 kutoka Musoma huwajia wana Mara kwa kwato.

Jina la mlima tuliliweka mwisho. Tuliwataka waseme ni mahali gani kwao hapaingiwi ovyo, na mikono ilikuwa mingi kuliko muda. Mvulana mmoja akauliza: “Kwa hiyo Mungu anakaa mle, au hakai?” Tulimjibu kuwa Jiografia hueleza kinachotoka mlimani na kinakoangukia, swali lake akawaulize pia wazee. Lakini tulimwambia hili: watu walewale wauombao mlima mvua na uzazi ndio waliohamisha mifugo mwaka 2007 majivu yalipofunika malisho. Kuuheshimu hakukuwazuia kuukimbia. (Mwalimu asiwaambie watoto kuwa mahali patakatifu hapadhuru, miteremko ile ni mikali na majivu yake huporomoka chini ya mguu.)

Kengele ililia tukiwa hatujafika kwenye mchoro wa kasoko. Tuliuchora wiki iliyofuata.