Pampu hutunzwa wakati wa kiangazi

Nyumba tunayoishi hapa Dar es Salaam imejengwa bondeni, na katika chumba cha chini analala mama yetu, ambaye magoti hayamruhusu tena kupanda ngazi. Masika yanapofika, kuanzia Machi hadi Mei, maji ya ardhini hupanda kimya kimya. Kinachoyazuia yasifike kitandani kwake ni pampu ndogo iliyozamishwa katika shimo la uani.

Wengi hudhani matunzo ya pampu ni mafuta. Mdogo wangu alileta kopo la grisi, fundi akamzuia. Alitueleza kuwa pampu ya kuzamishwa hufungwa kiwandani ikiwa na vilainishi vyake ndani. Grisi ya kupakwa nje haifiki kwenye beringi, bali huchafua maji. Mafuta yakionekana yakielea shimoni, hiyo ni dalili kwamba sili imevuja na pampu yahitaji fundi. Zile ambazo mota yake husimama juu ya shimo ni jambo jingine: baadhi zina tundu la mafuta, nazo hutiwa matone machache ya mafuta mepesi ya mashine, kwa kufuata maelekezo ya mtengenezaji.

Basi kazi yetu kubwa ni usafi. Kila Februari mimi huchomoa kwanza waya wa umeme, kisha huitoa pampu, nikaondoa nywele na vipande vya nailoni kwenye chujio, na kuchota tope lililotuama shimoni. Nikishairudisha, huchomeka umeme na kumimina ndoo kadhaa za maji: boya hupanda na kuiwasha, kisha hushuka na kuizima. Haifai kuiacha izunguke pakavu, kwani maji ndiyo yanayoipoza. Bomba la kutolea maji nalo hulifuata hadi mwisho wake, lisije likamwagia jirani.

Mama huniuliza, "Mwanangu, mvua iko wapi hata uhangaike juani?" Humjibu kwamba mvua ya usiku haimpi mtu nafasi ya kutafuta fundi.

Ndugu msomaji, chombo kinachohitajika siku chache kwa mwaka huharibika katika zile siku nyingi kisipohitajika. Tope na kutu havingoji masika. Mwenye mzazi anayelala chini naye asingoje.