Makaburi ya Tengeru

Ukitoka Arusha mjini kwa barabara ya Moshi, baada ya kilomita kama 13 unafika Tengeru. Ni nchi ya Wameru. Kaskazini Mlima Meru umesimama juu ya kila kitu, kusini ardhi inateremka kuelekea uwandani, na katikati kuna migomba, kahawa, mifereji ya maji, na Ziwa Duluti, ziwa dogo la duara lililokaa katika shimo la volkano ya zamani. Sisi wa Ipagala, tunaongoja mvua isiyofika milimita 600 kwa mwaka, tulishangaa kwanza ule ukijani. Mama mmoja wa kwaya alishika udongo akaunusa, akasema huku mtu hana sababu ya kukosa sadaka. Tulicheka.

Tulikuwa tumealikwa na usharika rafiki kwenda kuimba Arusha, kwaya pamoja na wazee wachache, kwa basi dogo la kukodi kupitia Kondoa na Babati. Siku ya pili wenyeji wetu wakatuambia, msirudi kabla hamjaona makaburi ya Wapolandi.

Makaburi hayo yako katika eneo la chuo cha mifugo. Yamezungushiwa ukuta, yana lango, na ndani kuna makaburi karibu 150 yaliyopangwa kwa mistari, mengi yakiwa na msalaba na jina. Majina yale hatukuweza kuyatamka. Lakini tarehe kila mtu anajua kuzisoma, nasi tulizisoma moja moja: walizaliwa Ulaya, wakafa Tengeru, wengi wao miaka ya 1940. Tulikuwa tumefika kwa kelele za watu wa safari. Baada ya mistari miwili hakuna aliyekuwa akiongea.

Tuliporudi nyumbani, mwalimu wa historia aliye katika jumuiya yetu alitueleza habari hizi kwa jioni tatu, maana maswali yalikuwa mengi kuliko chai.

Poland ilivamiwa pande mbili mwezi Septemba 1939. Wajerumani waliingia tarehe 1 kutoka magharibi, na jeshi la Urusi ya Kisovieti likaingia tarehe 17 kutoka mashariki. Vijiji vya mashariki vilikuwa vya wakulima, watu wa ng'ombe wachache, viazi na ngano. Februari 1940, katikati ya baridi kali, askari waligonga milango usiku. Familia nyingi zilipewa muda mfupi tu wa kufungasha. Wakapakiwa katika mabehewa ya mizigo, wakapelekwa Siberia, na waliofuata wakapelekwa Kazakistani, kukata miti na kulima mashamba ya serikali. Wengi walifia huko.

Kisha Hitler akaigeukia Urusi yenyewe, Juni 1941, na adui wa jana akawa rafiki wa lazima. Mwezi uliofuata yakatiwa sahihi mapatano ya kuwaachia Wapolandi, ili wanaume waunde jeshi. Mwaka 1942 watu wapatao 115,000, askari na raia, walivushwa Bahari ya Kaspi mpaka Uajemi, wamekonda na kuugua homa. Wanaume wakaenda vitani. Baadhi yao ndio waliopanda mlima wa Monte Cassino kule Italia, Mei 1944. Wanawake na watoto wakatafutiwa mahali pa kukaa. Karibu 18,000 wakaletwa Afrika ya mashariki na kusini: Uganda walikaa Masindi na Koja, na hapa Tanganyika walikaa Ifunda, Kidugala, Morogoro, Kondoa, na kambi kubwa kuliko zote, Tengeru, yenye watu wapatao 5,000.

Walijengewa nyumba ndogo za duara, za kuezeka kwa majani. Walikuwa na kanisa, shule, hospitali, shamba, na nyumba ya yatima. Tulipenda kusikia kwamba walijenga mahali pa kuabudia, wakaimba nyimbo za kwao chini ya Meru. Waumini wa Masindi walijenga kanisa pale Nyabyeya, nalo bado limesimama.

Vita vilipokwisha mwaka 1945 wengi hawakurudi, na kwa hili tulimwuliza mwalimu mara mbili: kwa nini? Akajibu kwamba kule Yalta, Februari mwaka ule, wakubwa walikubaliana mpaka usogezwe. Vijiji vyao vikawa vya Urusi ya Kisovieti. Mtu aliyekuwa akiomba kila jioni arudishwe kwao aliambiwa kwao si kwao tena. Basi wakatawanyika, wengi Uingereza, Kanada na Australia. Yatima zaidi ya 100 waliondoka Tengeru mwaka 1949 pamoja na padre Mfransisko, Lucjan Królikowski, wakapitia Italia na Ujerumani mpaka Kanada, huku serikali mpya ya Poland ikilalamika kwamba watoto wake wameibwa. Walioondoka waliwaacha hawa wa nyuma ya ukuta.

Hapo bibi mmoja wa jumuiya yetu akauliza swali ambalo hatukulitegemea. "Na Wameru waliulizwa?"

Inafaa msomaji amjue kidogo. Ni Mgogo, mzaliwa wa hapa hapa, wa siku ambazo Ipagala ilikuwa mashamba ya uwele na mtama na mibuyu. Mwaka 1973 ilipoamuliwa makao makuu yahamie Dodoma, alikuwa msichana. Tangu hapo shamba la baba yake limepimwa, likakatwa, likawa viwanja, na wengi wetu tunaosali naye tumejenga juu yake. Hajawahi kutusema kwa hilo. Lakini anajua kuuliza.

Mwalimu alisema hapana, Wameru hawakuulizwa. Serikali ya Waingereza ilipanga. Tena ardhi yao ilikuwa imekwisha kupungua tangu wakati wa Wajerumani, walowezi wakiwazunguka pande zote za chini ya mlima. Na mwaka 1951 serikali ile ile iliwaondoa Wameru wapatao 3,000 kutoka Engare Nanyuki, nyumba zao zikachomwa, ili walowezi wapate kufuga. Kirilo Japhet alikwenda New York mwaka 1952 kusema habari hiyo mbele ya Umoja wa Mataifa. Alisikilizwa kwa heshima, na ardhi haikurudishwa wakati ule.

Tulibishana. Mmoja wetu alisema basi Wapolandi walikalia haki ya wengine. Hatukubaliani naye, wengi wetu. Mjane aliyeshushwa kwenye lori na watoto watatu hakuchora ramani ya Meru, kama ambavyo hakuchora ile ya Yalta. Lakini hatukubali pia hadithi tamu inayosema Afrika iliwafungulia mikono na basi. Aliyefungua lango hakuwa mwenye nyumba. Mwenye nyumba alikuja baadaye, kwa hiari yake, nasi tunaona alikuja kwa namna ile iliyobaki: makaburi hayakulimwa, hayakugeuzwa malisho, na mpaka leo mtu wa pale pale anafyeka majani.

Huku kwetu vita vilipita vilevile. Aprili 1916 jeshi la Waingereza lililoongozwa na van Deventer liliingia Kondoa, na Mei Wajerumani wakajaribu kuutwaa tena mji ule, wakashindwa. Mwishoni mwa Julai Dodoma ikatekwa. Majeshi yote mawili yalikula nafaka na ng'ombe wa Wagogo na kuchukua vijana wao wawe wapagazi. Kisha mvua zikakataa. Njaa iliyofuata wazee waliiita Mtunya. Inakadiriwa iliua watu 30,000 katika Ugogo. Hakuna ukuta wala lango kwa ajili yao. Mama yake bibi huyu alikuwa mtoto mdogo wakati wa Mtunya, akalelewa na watu wasio ndugu.

Miezi minne baada ya safari yetu alifariki mzee mmoja fundi viatu, aliyepanga chumba karibu na tunapokutana. Alikuja miaka mingi iliyopita akikimbia vita vya ng'ambo ya mpaka. Hakuwa na ndugu tunayemjua. Alisali nasi akikaa nyuma, bila kuandikishwa. Katika kikao wengine walisema apelekwe kwao. Wengine wakauliza kwao ni wapi, na kwa fedha ya nani. Mmoja alitaja ahadi ambazo marehemu hakuwahi kuzitoa, akanyamazishwa.

Bibi akasema azikwe penye kaburi la mumewe, katika kipande kilichobaki. Watoto wake hawakupenda. Mkubwa alisema waziwazi kwamba ardhi yao imekwisha kuwapokea wageni wa kutosha walio hai. Tulinyamaza, maana wageni hao tulikuwa tumekaa mbele yake. Mama yake hakumkemea. Alimkumbusha tu kwamba Ibrahimu alipofiwa na Sara katika nchi isiyo yake, wenye nchi walimsikiliza, na pango la Makpela likapatikana. Kijana alijibu kwamba Ibrahimu alilipa shekeli 400 za fedha.

Alikuwa na haki ya kusema hivyo. Tukachanga. Fedha ile tuliipeleka nyumbani kwao kwa heshima, na kijana aliipokea, akahesabu, akarudisha nusu inunue mbao. Hakuja kanisani siku ya maziko, ila asubuhi yake alionekana shambani na wadogo zake wawili, na kaburi tulilikuta limekwisha chimbwa, refu na lililonyooka.

Fundi wa msalaba alituuliza aandike nini. Tulijua jina la ubatizo tu. Tukamwambia aandike hilo, na mwaka wa kufa, na chini yake Ipagala.