Kwenu ni Wapi?

Kijana aliyezaliwa Kaloleni, Nairobi, huulizwa swali moja kila aendapo: "Kwenu ni wapi?" Akijibu, "Kaloleni," mwenye kuuliza hucheka na kusema, "La, kwenu hasa!"

Swali hilo lina asili yake. Wakati wa ukoloni Mwafrika alihesabiwa mjini kuwa mgeni wa kazi tu. Alibeba kipande, na kazi ikiisha alitakiwa arudi shambani. Pumwani ilianzishwa katika miaka ya 1920, na Kaloleni ikajengwa katika miaka ya 1940. Leo wajukuu wa wapangaji wale wa kwanza ni watu wazima, wala wengi wao hawana shamba wawezalo kulionyesha kwa kidole.

Wazee husema, "Mwacha asili ni mtumwa." Ni kweli. Lakini kijana huyu hakuacha kitu, hakupewa. Basi amejitengenezea chake. Sheng, lugha iliyochanganywa kwa Kiswahili, Kiingereza, Kikuyu, Kijaluo na nyinginezo, ndiyo inayomtambulisha kwa wenzake. Huko Dandora, mtaa wa miaka ya 1970, vijana wa kundi la Kalamashaka walipata sifa katika miaka ya 1990 kwa kuimba maisha yao wenyewe.

Mzazi anayeudhika kwa lugha hiyo na ajiulize kwanza: je, amewahi kuketi na mwanawe jioni moja, akamweleza babu yake alikuwa nani, na alifuata nini mjini? Akifanya hivyo, kijana atakuwa na majibu mawili, na yote mawili yatakuwa ya kweli.