Kipimo cha Mkono wa Kushoto

Mama yangu ni fundi cherehani. Kibarazani kwetu Marangu, mbele ya migomba, ameshona sare za shule, suruali za wazee na magauni ya harusi kwa zaidi ya miaka 30. Kila gauni alilonishonea mimi lilikuwa na mikono miwili mirefu iliyolingana. Alipima mkono wa kulia kwa futi kamba, akaandika inchi zake daftarini, kisha akakata vipande viwili vya kitambaa kwa kipimo kilekile. Mkono wa kushoto hakuupima. Nilizaliwa nao ukiishia chini kidogo ya kiwiko.

Gauni langu la kipaimara lilikuwa kazi yake kubwa kuliko zote. Mkono wa kushoto aliujaza pamba, akaunda umbo la kiwiko kilichokunjika kidogo, na ncha yake akaishikiza ndani ya mfuko wa gauni ili nionekane msichana aliyetia mkono mfukoni. Kwenye picha ya siku ile nimesimama mstarini na wenzangu, na mgeni hawezi kujua. Picha hiyo ilikaa ukutani sebuleni kwa miaka mingi.

Simlaumu mama, na ninataka lieleweke hilo kabla sijaendelea. Nilipozaliwa, kuna waliosema alikiangalia kitu kibaya akiwa na mimba. Wengine walitafuta deni la ukoo lisilolipwa. Wenye huruma walikuja na maziwa na kumwambia pole, kama vile wamekuja msibani. Watoto wa shule waliniita kigutu. Mama alinijengea ukuta, na akaujenga kwa kitambaa kwa sababu kitambaa ndicho alichokuwa nacho.

Nyuma ya ukuta huo nilijua kufanya kila kitu. Nilimenya ndizi za mtori nikiwa nimezibana kwa magoti, nilibeba kuni, nilifua. Lakini mbele za watu sikufanya lolote. Mwalimu akiniita ubaoni, nilisimama ubavu. Hata chuoni Dar es Salaam, katika joto lile la Januari, nilivaa sweta.

Septemba 2013 nilipata ufadhili wa kusomea ualimu wa Kifaransa huko Grenoble, mji uliozungukwa na milima ya Alps. Wenzangu kutoka Afrika waliilalamikia baridi. Mimi niliifurahia, kwa sababu ambayo sikumwambia mtu: kila mmoja alivaa koti. Nusu mwaka ulipita bila mtu darasani kujua nilivyo.

Machi 2014, katika jiko la pamoja la bweni letu, kulikuwa na televisheni ndogo juu ya friji. Nilikuwa peke yangu nakata vitunguu, mkono wa sweta nimeupandisha, kitunguu nimekibana ubaoni kwa kigutu changu kama ninavyofanya siku zote nisipoonwa. Televisheni ilikuwa ikionyesha Michezo ya Paralimpiki ya majira ya baridi kutoka Sochi, Urusi. Mwanamke akasimama kwenye kizingiti cha kuanzia, juu kabisa ya mteremko, fimbo moja tu ikiwa katika mkono wa kulia. Nguo za mbio za skii zinabana mwili kama ngozi, hazifichi kitu. Mkono wake wa kushoto uliishia pale pale unapoishia wangu.

Mlango wa jiko ukafunguliwa, nami nikashusha mkono wa sweta haraka, kwa mazoea. Yule wa kwenye televisheni akajisukuma na kuushuka mlima.

Aliitwa Marie Bochet. Alikuwa na miaka 20, mzaliwa wa Savoie, kutoka bonde la Beaufortain, linalojulikana Ufaransa nzima kwa ng'ombe na jibini. Nilipotazama ramani niligundua kwamba halikuwa mbali na bweni langu. Miaka minne kabla, akiwa na miaka 16, alikwenda Paralimpiki ya Vancouver na kurudi bila medali. Mwaka 2013, kwenye mashindano ya dunia huko La Molina, Hispania, alishinda mbio zote tano. Na sasa Sochi, katika wiki moja na siku chache, akachukua dhahabu nne: mteremko, ambayo ndiyo mbio ya kasi kuliko zote, supa G, mbio ya mchanganyiko na slalomu kubwa. Mbio ya tano, slalomu, ilimponyoka. Miaka minne baadaye huko PyeongChang, Korea Kusini, aliingia uwanjani akiwa amebeba bendera ya nchi yake, akashinda tena dhahabu nne, na safari hii slalomu ilikuwa mojawapo.

Nilizitazama mbio zote za Sochi. Usiku nilisoma kila nilichokipata juu ya mchezo wenyewe, na katika kusoma huko nilikutana na kitu kilichonishika kuliko medali.

Ni jedwali. Wanaoshindana wakiwa wamesimama hupangwa kwa madaraja. Mwenye mguu mmoja anayeshuka kwa skii moja, akijisaidia kwa magongo mawili yenye vibao vidogo vya skii chini, ana daraja lake. Mwenye mguu wa bandia na skii mbili ana lake. Asiye na mkono, kama umekatika juu ya kiwiko, ana lake. Kama umeishia chini ya kiwiko, daraja linaitwa LW6/8-2. Marie Bochet alikuwa humo. Hata mpinzani wake wa miaka mingi, Andrea Rothfuss wa Ujerumani, aliyezaliwa bila kiganja cha kushoto, alikuwa humo. Kwa kuwa madaraja yote hayo huwekwa katika mbio moja, muda wa kila mshindani huzidishwa kwa kigawo cha daraja lake, kisha ndipo mshindi anapojulikana. Kigawo hicho hubadilika kutoka mbio hadi mbio, maana kukosa mkono katika slalomu, ambapo malango yamesongamana na lazima uyapige yakupishe, si sawa na kukosa mkono katika mteremko.

Naomba msomaji anielewe hapa. Tangu nizaliwe, mkono wangu ulikuwa umeelezwa kwa maneno ya aina mbili tu. Ama ulikuwa laana, ama ulikuwa mtihani kutoka kwa Mungu. Yaani ulikuwa jambo la kunong'onezwa au jambo la kuombewa. Na sasa nilikuwa mbele ya karatasi iliyouandika kwa herufi na namba, ikakokotoa unachonipunguzia na ikasonga mbele. Hapakuwa na huruma ndani yake, wala aibu. Nililia usiku ule, na sikuwa na huzuni.

Januari 2015 nilipanda basi hadi Chamrousse, juu ya Grenoble. Ni mlima wenye heshima yake: kwenye Olimpiki ya 1968, Jean-Claude Killy alishinda dhahabu tatu hapo. Nilikuwa nimejiandikisha na klabu ya watu wa kujitolea wanaofundisha skii kwa wenye ulemavu. Mwalimu wangu, mwanamke wa makamo, aliniuliza kabla hata ya salamu kukamilika, "Mkono unaishia wapi?" Aliuliza kama muuza viatu anavyouliza namba ya mguu. Alihitaji kujua anivishe nini. Nilipandisha koti nikamwonyesha. Akaleta soksi nene ya sufu, akaivuta hadi juu ya kiwiko, kwa kuwa ncha ya mkono kama wangu hupigwa na baridi upesi.

Nilianguka siku nzima. Kuinuka kwenye theluji ni kazi hata kwa mwenye mikono miwili: sharti uzipitishe skii zote mbili chini yako, zilale kukatisha mteremko, kisha ujisukume kwa mkono wa upande wa juu. Nikianguka kwa kulia, niliweza. Nikianguka kwa kushoto, ilibidi nigeuke kwanza, miguu hewani, skii zikigongana. Mahali tambarare nako kuna adhabu yake. Ukisukuma kwa fimbo moja unazunguka kama mtumbwi wa kasia moja, kwa hiyo unajifunza kusukuma kwa miguu. Na kamba ya kukuvuta mlimani huja kwa kasi, inataka ikamatwe sasa hivi, na iko upande inaotaka yenyewe.

Hapo ndipo nilipoelewa nilichokuwa nimekiona Sochi. Kwenye kila kona fimbo humsaidia mtu kuweka mizani, na asiye na fimbo upande mmoja, bega lake hutaka kumtangulia na kumpindua. Bochet alikuwa akipita kona za kushoto na za kulia huku kiwiliwili kimetulia vilevile, kana kwamba kazi yote imeachiwa nyonga na vifundo vya miguu. Televisheni haionyeshi ugumu wa utulivu ule. Mimi niliujua kwa makalio na magoti yangu. Wapo watu wanaopenda kusema mwanamichezo kama huyu ameshinda "licha ya" ulemavu wake. Baada ya Chamrousse nililiacha neno hilo. Alishinda kwa kuwa aliufanyia kazi mwili alio nao, wote, pamoja na pale unapoishia, kwa miaka mingi, kwenye barafu.

Jumamosi ya nne nilishuka mteremko wa wanaoanza kutoka juu hadi chini bila kuanguka. Sikufika mbali zaidi ya hapo katika skii, wala sikutaka.

Katika kusoma kwangu nilimkuta pia Tofiri Kibuuka, Mganda asiyeona, aliyeshindana katika skii za nyika mwaka 1976 huko Örnsköldsvik, Sweden, kwenye Paralimpiki ya kwanza kabisa ya majira ya baridi. Alikuwa Mwafrika wa kwanza katika michezo hiyo. Miaka michache kabla, mwaka 1969, alikuwa mmoja wa vijana wasioona waliopanda Kilimanjaro. Nilikaa na habari hiyo kimya maktabani. Theluji niliyoiona kila asubuhi utotoni nikienda kisimani, nikidhani ni ya kutazamwa na watalii tu, ilikuwa imekanyagwa na jirani yetu asiyeona miaka 20 kabla sijazaliwa.

Majira ya joto yalipofika nilinunua blauzi ya mikono mifupi sokoni na kupanda nayo tramu. Watu walitazama, wengine kwa muda mrefu, kisha wakarudi kwenye simu zao. Kituo cha tatu niliacha kuwahesabu.

Nilirudi nyumbani 2016, nikaanza kufundisha Kifaransa sekondari huko Moshi. Siku ya kwanza darasani niliandika ubaoni nikiwa nimewapa wanafunzi mgongo wote, kisha nikageuka na kuwaambia waulize maswali yao yote sasa tuyamalize. Waliuliza kwa dakika 40. Mmoja alitaka kujua navaaje saa. Nikamwonyesha.

Lakini bado sijasema juu ya mama. Aliponipokea na blauzi ya mikono mifupi hakutamka neno. Alinikumbatia, akanitengea chakula, na Krismasi ile akanishonea gauni jipya lenye mikono miwili mirefu iliyolingana. Nililivaa. Miaka miwili tuliishi hivyo, mimi na blauzi zangu, yeye na magauni yake.

Machi 2018, wakati wa PyeongChang, nilimpelekea kompyuta kibarazani ili atazame mbio za Bochet. Mama hajui Kifaransa. Aliweka miwani, akatazama mara ya kwanza, ya pili, na ya tatu akaniambia nisimamishe picha pale mwanamke yule anapopita karibu na kamera. Akainama. Akagusa kioo kwa kidole, kwenye mkono wa kushoto.

"Aliyemshonea hii," akasema, "alimpima."

Kisha akarudi kwenye cherehani.

Marie Bochet alishindana mara ya mwisho katika Paralimpiki ya Beijing, mwaka 2022. Dhahabu zilikwenda kwa wengine, kwa wasichana wadogo kuliko yeye, naye akastaafu mwaka huohuo akiwa na dhahabu nane za Paralimpiki. Nilimwandikia barua ndefu kwa Kifaransa. Sijaituma.

Desemba ya 2018 ile ile ilikuwa sendofu ya mdogo wangu, na sisi dada zake tulikuwa tuvae sare ya kitenge. Mama alituita mmoja mmoja kibarazani. Zamu yangu ilipofika alinipima kifua, kiuno, nyonga, urefu. Akapima mkono wa kulia, akaandika. Nikaanza kuondoka.

"Simama, mwanangu."

Akaja upande wa pili. Akaweka mwanzo wa futi kamba juu ya bega la kushoto na kuinyoosha taratibu hadi chini ya kiwiko. Mkono wake ulikuwa unatetemeka kidogo, au labda ulikuwa wangu.

"Uishie wapi?" akauliza.

"Hapo hapo, mama."

Akachukua kalamu iliyokuwa imechomekwa kwenye kilemba chake, akaandika daftarini, mstari wa chini ya ule wa kulia: inchi 15.