Chunusi, Joka na Nunda: Tafakuri ya Likoni

Mtoto wa Likoni anapovushwa kwa feri mara ya kwanza, bibi yake humkanya asiegemee ukingoni, kwani chini kuna chunusi. Mtoto akiuliza, "Bibi, chunusi yukoje?" hujibiwa kwa ufupi, "Hajulikani, mjukuu wangu. Aliyemwona hakurudi." Jibu hilo lina mantiki yake. Mlango wa Kilindini, ambao jina lake lenyewe limetokana na kilindi, haumwonyeshi abiria sakafu yake. Chunusi, kadhalika, ni kiumbe asiye na maumbile: hana pembe wala magamba, haijulikani huzaliwaje wala hula nini siku ambayo hapana aliyezama. Kazi yake ni moja tu, nayo ni kuuvuta mguu wa mwogeleaji.

Msomaji aliyezoea fasihi za mbali huenda akaliona hilo kuwa upungufu. Joka la Uchina huleta mvua na hutawala maji. Joka la Ulaya hutema moto na hulalia hazina. Tolkien, katika The Hobbit ya mwaka 1937, alimpa Smaug tabia, umri, uroho na hata mahali pamoja kifuani pasipo na kinga. Je, Waswahili nao wana dubwana lenye historia ya maumbile ya namna hiyo? Sarufi imekwisha kuanza kujibu. Mwondoe nyoka katika umbo lake la kawaida, mtie katika ukubwa, naye huwa joka. Hapana aina mpya ya mnyama iliyoongezwa. Ni yuleyule tunayemjua, ila amekuzwa. Kanuni hiyo ndogo ya lugha ndiyo inayotawala ngano ya Nunda, iliyochapishwa na Edward Steere mwaka 1870 pamoja na hadithi nyingine za Unguja katika Swahili Tales.

Nunda wa ngano hii hakuzaliwa nunda. Alikuwa paka wa sultani. Alianza kwa kula ndama, na watu walipolalamika, sultani alishikilia kwamba paka ni wake na ndama ni wake. Kutoka kwa ndama akapanda hadi kwa mifugo mikubwa, kisha kwa watu, na kila hasara mpya ilipata udhuru uleule wa umiliki. Ni pale wana wa sultani mwenyewe walipouawa ndipo baba alipokiri kwamba huyu hakuwa paka tena. Kwa hivyo historia ya maumbile ya Nunda si ya mbegu wala ya kizazi. Ni historia ya malezi: ukubwa wake unapimwa kwa idadi ya nyudhuru zilizotolewa kwa ajili yake.

Sehemu ya pili ya ngano ina uzito uo huo. Mwana mdogo, aliyedharauliwa na wenziwe, anatoka kumsaka Nunda. Anaua mbwa na kumkokota hadi kwa mama, akidhani kazi imekwisha. Mama anamwambia siye. Analeta ngawa, punda milia, twiga, kifaru, hata ndovu, na kila mara mama anakataa. Hatimaye kijana anamtambua Nunda kwa alama alizoelezwa na mama: masikio madogo, mwili mpana usio mrefu, mabaka kama ya ngawa, mkia mnene. Mama ndiye mtaalamu wa maumbile katika ngano hii, na elimu yake ni ya kukataa. Hakubali mnyama yeyote, hata awe mkubwa kiasi gani, aadhibiwe kwa niaba ya mkosaji.

Wapo waliomsaka Nunda nje ya ngano. William Hichens, afisa wa kikoloni wa Tanganyika ambaye wanafunzi wa Kiswahili wanamjua kwa kuihariri Diwani ya Muyaka (1940), aliandika mwaka 1937 katika jarida la Discovery juu ya mngwa, au nunda, kama paka mkubwa wa pwani asiyejulikana na sayansi. Udadisi wake haustahili kuchekwa. Hata hivyo, mwenye kumtafuta Nunda porini peke yake ameianza ngano katikati. Mwanzo wake umo nyumbani, chini ya meza ya bwana.

Hapo ndipo Likoni inaporudi. Asubuhi ya tarehe 29 Aprili 1994, feri ya Mtongwe, upande uo huo wa kusini, ilipinduka karibu na nchi kavu ikiwa na watu wapatao 400, wengi wao wakienda kazini. Watu 272 walikufa. Msiba kama huo ukisimuliwa kwa lugha ya chunusi, unapata mwuaji asiyeweza kuhojiwa, kwa kuwa hana sura. Ukisimuliwa kwa lugha ya Nunda, maswali hayana budi kufuata: hatari hii ilianza ikiwa ndogo kiasi gani? Nani aliizoea, na ni nani aliyesema kwamba jana ilijaa vilevile na ikafika?

Hii haina maana kwamba bibi wa Likoni amekosea. Chunusi wake humweka mtoto mbali na ukingo, na mtoto aliye hai ni hoja inayotosha. Lakini mtoto huyo hukua, naye siku moja hupewa kamba ya kufungia chombo, kalamu ya kuandikia ripoti au kura ya kupiga. Wakati huo chunusi hamtoshi tena. Anamhitaji yule mama wa ngano, atakayeutazama mzoga wa mbwa uliokokotwa hadi mlangoni, aseme bila ghadhabu kwamba siye, na amrudishe mwana njiani akatafute tena.